Taka na taki: mtoto wa miezi 23 anayesema neno moja moja

SWALI: Assalaam alaykum. Nina mtoto wa kiume wa miezi 23, wa kwanza. Tunaishi Langoni, Lamu, pamoja na mama mkwe. Mtoto anasema neno moja moja tu, hajawahi kuunganisha mawili. Nimehesabu nikapata kama maneno 30: mama, baba, bibi, mai (maji), puda (punda), paka, embe, hamri (mahamri), mato (macho), tena, nipe, toa, hapa, bai na mengineyo. “Nataka” hawezi kuisema sawasawa, mara husema taka, mara taki. Akiona ndara za babake mlangoni huzinyooshea kidole akasema “baba”. Tukimtuma anaelewa. Lakini nikimwambia “sema nataka maji” hunyamaza au hulia. Dadangu aliye Mombasa ana binti wa umri huohuo, tayari anasema “mama njoo” na “maji baridi”. Yeye ameniambia kosa ni Kiamu cha bibi (Kiswahili cha Lamu), tumsemeshe Kiswahili sanifu au Kiingereza na tumwekee katuni kwenye simu. Bibi naye anasema nimwache, babake pia alichelewa na leo hanyamazi. Nimfuate nani? (Mama wa Langoni)

JIBU: Wa alaykum salaam, dadangu.

Nimeisoma barua yako mara tatu, na mara zote nimekwama pale uliposema mwanao mara husema taka, mara taki. Wewe umeliandika hilo kama upungufu wa matamshi. Nakuomba, kabla hujafanya lolote jingine, umchunguze kwa siku mbili: ni wakati gani husema taka, na ni wakati gani husema taki? Ikiwa taka huja mkono ukiwa umeelekea kwenye embe, na taki huja uso ukigeuzwa kando na bakuli la uji likisukumwa, basi mtoto hakosei kutamka neno moja. Ana maneno mawili. Moja ni nataka, jingine ni sitaki. Yote mawili ameyakata kichwa akabakiza mwisho.

Na huo mwisho ndio wenye uzito. Katika lugha yetu kukanusha kwa wakati uliopo hakukai kwenye si- peke yake, kunakaa pia kwenye ile i inayofunga neno. Nataka, sitaki. Nalala, silali. Mtoto ambaye bado hajaishika si- lakini tayari anageuza a kuwa i anapokataa, ameshaanza sarufi. Sikwambii haya ili kukupoza moyo. Mimi ni mtaalamu wa lugha na matamshi, na ungemleta kwangu ofisini, hilo ndilo ningekuwa nalitafuta tangu mnaingia mlangoni.

Kwa nini anakata mwanzo? Jaribu kukisikiliza Kiswahili kwa sikio la mtu asiyekijua. Mkazo wetu huangukia silabi ya pili kutoka mwisho: na-TA-ka, a-na-LA-la, ma-HA-mri. Kinachomgonga mtoto sikioni ni silabi mbili za mwisho. Zile na-, ana-, ma- hupita mbele kwa wepesi, hajazidaka bado. Ndiyo sababu mahamri kwake ni hamri, na nataka ni taka. Mtafiti Kamil Ud Deen aliwafuatilia watoto wa Nairobi wanaokua kwa Kiswahili, na katika matokeo aliyoyachapisha 2005 alionyesha kwamba watoto wadogo huacha kiambishi cha nafsi, au cha wakati, au vyote viwili, wakabaki na kiini cha kitenzi. Kwa hiyo mwanao anapita njia ambayo wenzake wameipita.

Hapa pia ndipo orodha za ukuaji wa mtoto zinapotutia wasiwasi bure, maana nyingi zimetungwa kwa sikio la Kiingereza. Zinasema mtoto wa miaka miwili aunganishe maneno mawili. Mtoto wa Kiswahili akisema “nimeanguka”, ametia nafsi, wakati na tendo ndani ya neno moja, lakini mwenye kuhesabu maneno atamwandikia moja tu. Kwa watoto wetu mimi huchungulia milango miwili kwa pamoja. Mlango wa kwanza ni maneno mawili kukaa ubavu kwa ubavu, kama “paka hapa”. Wa pili ni vile vipande vya mbele kuanza kurudi kwenye kitenzi: leo taka, kesho nataka, kesho kutwa anataka. Mtoto akianza kupenya mlango wowote katika hii miwili, anasonga mbele.

Ile nipe uliyoitaja usiifurahikie kupita kiasi, kwa sababu watoto huimeza nzimanzima kama jina la kitu. Siku neno “mpe” litakapokuja pembeni yake, hapo ujue amegundua kwamba neno lile linafunguka.

Nije kwenye ndara za babake. Umelitaja jambo hilo kwa kupita, kama jambo la kuchekesha. Tazama alichofanya: kidole kimesema “ndara”, mdomo umesema “baba”. Ukiviunganisha ni “ndara za baba”. Hiyo ni sentensi ya mambo mawili, ila moja limetoka mkononi kwa kuwa ulimi haujaweza kubeba yote. Jana M. Iverson na Susan Goldin-Meadow walichapisha utafiti 2005 kuhusu jambo hili hili: watoto wanaoanza mapema kusema neno huku wakionyesha kwa kidole kitu kingine ndio wanaotangulia pia kusema maneno mawili. Kwa hiyo usikipuuze kidole. Na usijibu kwa kucheka tu, wala usimsahihishe kwa kumwambia “siye baba, hizo ni ndara”. Mpe kwa mdomo kile alichokisema kwa mkono: “Ee, ndara za baba.” Basi. Kesho akirudia, rudia.

Sasa nikwambie alipo, bila kukuficha. Watoto wengi huanza kuunganisha maneno kati ya miezi 18 na 24, mara nyingi wakiwa na maneno kama 50 hivi ya kwao wenyewe. Orodha ya kituo cha kudhibiti magonjwa cha Marekani (CDC) iliyorekebishwa 2022 inaweka maneno mawili pamoja kwenye miezi 24. Mwanao ana miezi 23 na maneno 30. Yuko ukingoni. Hajachelewa kwa kiasi cha kukunyima usingizi, na wala hayuko mbele kiasi cha kukaa na kungoja.

Lakini kwanza hesabu upya, maana sina imani na hiyo 30. Mama akiulizwa kwa jumla “mtoto anasema nini?” husahau nusu. Kule Kilifi, Katie Alcock na watafiti wenzake walitengeneza orodha za maneno ya watoto kwa Kiswahili na Kigiriama, za kuwauliza wazazi ana kwa ana, hata wasiojua kusoma. Kazi hiyo ilichapishwa 2015, na ilionyesha kwamba mzazi akiulizwa vizuri ni shahidi wa kuaminika. Fanya vivyo hivyo nyumbani. Kaa na bibi yake jioni moja, mwende fungu kwa fungu: vyakula, wanyama, viungo vya mwili, watu, nguo, vitu vya jikoni, vitendo, maneno ya kusalimia na kuaga. Puda lihesabiwe, mradi kila mara linamaanisha punda. Mlio wa paka anaoutumia kumwita paka, hesabu. Neno la Kiamu, hesabu. Neno la Kiingereza kama bai, hesabu. Taka na taki, ukishahakikisha, hesabu mawili.

Ukimaliza, angalia lile fungu la vitendo. Nahisi utalikuta jembamba kuliko mengine. Katika orodha uliyoniandikia mengi ni majina: watu, wanyama, vyakula. Majina matupu hayashikamani. “Paka embe” haina maana, mtoto hawezi kujenga kitu hapo. Kinachofunga jina na jina ni tendo, au neno dogo linalokubali kukaa na kila kitu. Na mwanao tayari ana manne ya namna hiyo, umeyaandika mwenyewe: tena, hapa, toa na taka. Anza na hayo. Huhitaji kumfundisha neno jipya hata moja ili aseme maneno mawili. Unahitaji kumwonyesha kwamba yale aliyonayo yanaweza kukaa pamoja.

Kila mzazi huniuliza njia, na mimi humpa moja kabla ya nyingine zote. Lichukue neno la mtoto, umrudishie likiwa limeongezeka neno moja. Moja tu. Akisema “hamri”, wewe sema “hamri tena” huku unampa. Akisema “mai”, sema “mai baridi”, au “mai yamekwisha” ikiwa kikombe ni kitupu. Akisema “paka”, sema “paka hapa”, au “paka analala”. Usimtake arudie. Usimkazie macho kungoja akuige. Mjibu tu kama unavyomjibu mtu mzima aliyekuambia jambo, kisha endelea na shughuli zako. Sikio lake limechukua. Atakapokuwa tayari atalitoa.

Mzazi hukosea kwa kuongeza mno. Mtoto anasema “puda”, mama naye kwa furaha anamjibu: “Ee mwanangu, umemwona punda, punda mkubwa amebeba mawe anapeleka kule wanakojenga nyumba.” Ni maneno matamu, na yana wakati wake, mkiwa mmekaa mnatazama. Lakini kwa mtoto anayejaribu kuvuka kutoka moja kwenda mbili, hiyo ni ngazi isiyokuwa na vidaraja vya chini. “Punda mkubwa” inamtosha kabisa.

Kosa jingine ni kukata viambishi kwa kudhani unamrahisishia. Usimwambie “punda enda” au “paka lala”. Sema kwa ufupi, lakini sema Kiswahili kamili: “punda anakwenda”, “paka analala”, “kiatu changu”, “maji yangu”. Yeye ataacha vile asivyoviweza, hiyo ni haki yake. Sisi tukiviacha, atavipata wapi? Ch- ya changu na y- ya yangu atazichuma kwa kuzisikia maelfu ya mara vinywani mwa watu wazima wala si kwa kufundishwa.

Mahali mlipo pana utajiri ambao watu wa miji ya magari hawana. Mkitoka nje ya mlango hakuna gari la kumkimbiza mtoto. Kuna punda, na punda hupita polepole kiasi cha kusemeshwa. Mkae kwenye daka, kile kibaraza cha mlangoni, asubuhi au baada ya alasiri. Punda wa kwanza akipita, sema “punda anakuja”. Akifika karibu, nyamaza. Akishapita, sema “punda amekwenda”. Wa pili akija, fanya hivyo hivyo, maneno yale yale. Wa tatu akitokeza kwenye kichochoro, sema “punda...”, kisha ukae kimya umtazame mwanao, kama mtu aliyesahau. Hapo utasikia kitu. Huenda ikawa “kuja”. Huenda ikawa kidole tu. Chochote atakachotoa, kipokee na ukikamilishe: “Ee, punda anakuja.” Mkishuka ufukweni ni vivyo hivyo na mashua zinazofika na kuondoka.

Ule ukimya nimeutaja kwa wepesi, nao ndio mgumu kuliko yote. Sisi watu wazima tunauliza, na kabla mtoto hajavuta pumzi tumeshajibu wenyewe. Ubongo wa mtoto wa umri huu unahitaji muda: alisikie, alielewe, alitafute neno, aupange ulimi. Hesabu moja hadi kumi moyoni, taratibu, ukimtazama kwa uso mkunjufu. Mara ya kwanza utaona ni muda mrefu ajabu. Nimewaona akina mama wakijiziba mdomo kwa mkono ili wasiseme, na si vibaya, jizibe. Mtoto mmoja niliyewahi kuwa naye hapa Malindi, mamake alikuwa mchangamfu na msemaji sana, alimpenda mwanawe na alimsemesha kutwa nzima. Tulibadilisha jambo moja tu, kwamba angoje. Mtoto alikuwa na la kusema muda wote ule, ila hakuwa ameachiwa nafasi ya kulisema.

Hapo namgeukia bibi, kwa heshima zote. Nyumba ya Kiswahili yenye bibi ni neema kwa lugha ya mtoto, na sitaki mtu yeyote akutoe kwenye imani hiyo. Lakini mabibi wanajua haja ya mjukuu kabla hajaisema. Mtoto akitupa jicho kwenye mtungi, maji yameshafika mdomoni. Akiinuka upande wa mlango, ndara zimeshavalishwa. Sasa aseme nini, na kila kitu kimekuja? Mwombe bibi asimnyime, jambo hilo simuombi mtu. Acheleweshe kidogo tu. Amimine maji funda moja kwenye kikombe, ampe, kisha ashike mtungi angoje. Akisema “mai”, bibi aseme “mai tena” na kumimina. Akileta ukaidi au kulia, mimina bila masharti. Kiu haifanywi kuwa darasa.

Kumpa achague pia kunasaidia, ila wengi huishia njiani. Mnamuuliza “embe au hamri?” naye anajibu neno moja, kwa kuwa swali lenyewe linadai neno moja. Baada ya wiki moja lisogeze: “Embe kubwa au embe dogo?” “Ndara za mama au ndara za baba?” Swali la namna hii jibu lake lina maneno mawili ndani yake, na ameyasikia sasa hivi. Akijibu “baba” peke yake, sema “ndara za baba” na umpe.

Vitendo navyo uvijaze makusudi. Chagua vitano au sita vya nyumbani mwenu, siyo zaidi: anguka, fungua, mwaga, kula, lala, panda. Kila kimoja kitaje mara tatu kitendo kinapofanyika: kabla, katikati na baada. “Tutafungua mlango. Tunafungua. Tumefungua.” Hata vile viambishi vya wakati atavisikia vikibadilika juu ya kiini kile kile, fungua, fungua, fungua. Si kila lugha inayowapa watoto bahati hiyo ya kiini kisichobadilika. Wakati wa kuoga, wa kula, wa kuvaa kanzu ya Ijumaa, maneno yawe yale yale kila siku. Wewe utachoka nayo kabla yake. Mtoto anapenda jambo alijualo linapokuja.

Lile “sema nataka maji” naomba liondoke nyumbani kwenu kwa mwezi mzima. Najua nia yako. Lakini mtoto anapoambiwa “sema” hugeuka kuwa mtu anayepimwa, na mtoto anayepimwa hufanya alilokueleza wewe mwenyewe: hunyamaza au hulia. Na kila akishindwa mbele ya watu, neno linazidi kuwa zito. Vivyo hivyo na “hii nini? hii nini?” ya kutwa. Unajua ni paka, naye anajua kwamba unajua. Badala ya kuuliza, sema wewe: “Paka anakula.” Umempa maneno mawili na hukumdai kitu.

Sasa dada wa Mombasa. Mwambie nampa salamu na kwamba binti yake anaendelea vizuri. Wasichana kwa wastani hutangulia kidogo katika kusema, na watoto wawili wa umri mmoja wanaweza kuachana kwa miezi mingi, wote wakiwa wazima. Ila kuhusu Kiamu, hapo amekosea, na ningependa usikie sababu yake vizuri.

Mwanao akisema mai, hajashindwa kusema maji. Akisema mato hajashindwa kusema macho. Hayo ndiyo maneno yenyewe kwa lugha ya bibi yake. Kiamu husema mai, mato, ndia, ndaa, moya, na humwita mtoto kwa “ndoo!” pale wengine wanapomwita kwa “njoo!”. Mtoto ameyachukua kama yalivyo, sawasawa, bila kosa. Ukimsahihisha “si mai, ni maji”, unamwambia kwamba alichokisikia vizuri kwa mtu anayempenda ni kibaya. Mtoto anayesikia Kiamu kwa bibi, Kiswahili cha kila mahali kwa mama, na baadaye Kiarabu cha madrasa na Kiingereza cha shule, hachelewi kwa sababu ya wingi wa lugha. Wataalamu wa fani yetu wamekubaliana juu ya hilo: lugha mbili au tatu haziletei mtoto tatizo la kusema. Hapa Malindi kuna watoto wanaolelewa kwa Kigiriama ndani, Kiswahili mtaani, na Kiitaliano kwa mzazi mmoja, na wanaunganisha maneno kama wengine. Kila mtu amsemeshe kwa lugha inayomtoka kwa urahisi. Bibi akianza kujibana kwa Kiswahili cha redioni atasema machache, na machache ndiyo hasa tusiyoyataka.

Simu iwekeni kando. Mwongozo wa Shirika la Afya Duniani wa 2019 haupendekezi kabisa mtoto wa mwaka mmoja akalishwe mbele ya skrini, na kwa wa miaka miwili hauruhusu kuzidi saa moja kwa siku, na ikipungua ni bora zaidi. Sababu unaweza kuiona mwenyewe kutokana na yote niliyokwisha sema. Katuni haingoji. Mtoto akisema “paka”, katuni haimjibu “paka analala”, inapita na shughuli zake. Kuzungumza na babake kwa video akiwa safarini ni jambo jingine, huko kuna mtu anayemjibu.

Bibi anaposema umwache, babake alichelewa, kuna ukweli ndani yake. Kuchelewa kusema huandama familia, na wengi wanaochelewa huwafikia wenzao baadaye. Shida ni kwamba katika umri wa miaka miwili hakuna anayeweza kumnyooshea kidole mmoja akasema huyu atafika peke yake na yule hatafika. Kwa hiyo sisi hatuwaachi wote wangoje. Na haya mambo ya kuongeza neno na kungoja hayamdhuru mtoto ambaye angesema hata bila hayo.

Kuna jambo moja ambalo usilisubirishe hata wiki: masikio. Watoto wadogo wakipata mafua mara kwa mara hujaa majimaji nyuma ya ngoma ya sikio. Mara nyingi hayaumi na hayatoki nje, kwa hiyo nyumbani hakuna anayejua, lakini mtoto husikia kama mtu aliyezamisha kichwa majini. Anasikia akiitwa kwa nguvu, anasikia mlango ukigongwa, ila vile vipande vyepesi vya maneno vinapotea. Umesema anaelewa mkimtuma. Jaribu tena, ukiwa nyuma yake, kwa sauti ya kawaida, mikono imetulia, macho yako hayaelekei kwenye kitu: “Lete kikombe.” Kisha bila kujali matokeo, siku ya kliniki beba kile kijitabu cha mama na mtoto, waonyeshe ukurasa wa hatua za ukuaji, na uombe masikio yake yakaguliwe na usikivu wake upimwe. Wakikwambia “bado mdogo”, rudi tena uombe. Usikivu hupimwa hata kwa mtoto mchanga.

Kuna dalili ambazo zikionekana sitakwambia ungoje miezi 24 wala umri wowote: akianza kupoteza maneno aliyokuwa nayo, akiacha kukutazama unapomwita, akiacha kuonyesha vitu kwa kidole, asipoelewa agizo dogo lisilo na ishara, au masikio yakitoa usaha. Hapo nenda mara moja. Katika barua yako sikuona hata moja kati ya hizo, na kile kidole kwenye ndara kimenituliza sana.

Na mtu akikushauri mtoto akatwe kimeo, au akatwe utando wa chini ya ulimi ili “ulimi ufunguke”, kataa. Ulimi uliofungwa hauzuii mtoto kupata maneno wala kuyaunganisha, na kukata kimeo kumeleta damu na maambukizi kwa watoto waliokuwa wazima.

Akitimiza miaka miwili, ikiwa hujasikia maneno mawili pamoja hata mara moja wala kiambishi kipya kwenye kitenzi, omba rufaa kwa mtaalamu wa lugha na matamshi. Huku Pwani sisi ni wachache, huenda ikabidi uje Malindi au uende Mombasa, kwa hiyo uliza mapema foleni ikoje. Ukianza kuyasikia kabla ya hapo, safari ya usikivu bado ifanye.

Nunua daftari dogo, ulitundike jikoni. Kila jioni wewe au bibi muandike kitu kipya alichosema, vile vile alivyosema, bila kukinyoosha, na pembeni alikuwa akifanya nini. “Taki: amesukuma uji.” “Hamri tena: mkono kwenye sahani.” Siku utakayoandika neno lenye -me- ndani yake, hata likiwa limekatwa kichwa, “meanguka” au “mekwisha”, liwekee alama. Utakapokwenda kwa mtaalamu, au ukiniandikia tena, daftari hilo ndilo nitakalotaka kuliona kwanza.